Mkakati wa Microsoft wa mwaka 2005 kuhusu programu na huduma za intaneti: ulishindwa, au ndio uliozaa Azure?

MwanachuoMlimani ameanzisha uzi:

Habari zenu wanajukwaa. Ninaandaa wasilisho la semina ya shahada ya uzamili, na nimekwama kwenye jambo ambalo naona makala nyingi hulipita juu juu. Mhadhiri wetu amemtaka kila mmoja achague kampuni iliyolazimika kubadili namna yake ya kupata fedha baada ya intaneti ya kasi kuenea majumbani na maofisini, kisha aeleze kama mkakati ulioandikwa ndio uliofuatwa kweli, au kampuni ilifika ilikofika kwa njia nyingine kabisa. Mimi nimechagua Microsoft.

Ninachokijua hadi sasa ni hiki. Mwishoni mwa Oktoba 2005 Ray Ozzie, aliyeingia Microsoft mwaka huohuo baada ya kampuni yake ya Groove Networks kununuliwa, aliwaandikia wakuu wenzake waraka mrefu kuhusu msukosuko ulioletwa na huduma za intaneti. Bill Gates aliusambaza pamoja na barua pepe yake ya tarehe 30 Oktoba, akiulinganisha na waraka wake mwenyewe wa Mei 1995 ulioigeuza kampuni nzima ielekee kwenye intaneti. Siku mbili baadaye, tarehe 1 Novemba, wawili hao walisimama mbele ya waandishi wa habari mjini San Francisco na kutangaza Windows Live na Office Live.

Waraka wenyewe ulikuwa na nguzo tatu. Ya kwanza ilisema kwamba matangazo ya biashara yanaweza kugharimia programu ambazo zamani mtu alizilipia mwenyewe. Ya pili ilisema kwamba programu sasa husambaa kwa mtumiaji kuigundua, kuijaribu, kuizoea na kumsimulia mwenzake, badala ya kusubiri muuzaji abishe hodi ofisini. Ya tatu ilisema kwamba watu wanataka kompyuta, simu, televisheni na tovuti zao zishirikiane bila wao kuhangaika na mipangilio.

Tatizo langu ni kwamba nikiangalia matokeo sipati jibu la moja kwa moja. Jina la Windows Live limekwisha kufa, na biashara ya matangazo iliiletea kampuni hasara kubwa, lakini Microsoft ya leo inasimama juu ya Azure, huduma yake ya wingu, yaani ya kukodisha kompyuta na hifadhi ya data kupitia intaneti, na Office 365 (leo Microsoft 365), ambazo zote ni huduma za intaneti. Je, niandike kwamba mkakati ulishindwa, au kwamba ulifaulu kwa jina jingine? Na kuna swali la pili linalonisumbua zaidi: kampuni iliyoinunua Hotmail tangu mwaka 1997 ilihitajije kuambiwa mwaka 2005 kwamba huduma za intaneti ni jambo kubwa?

MzeeWaSeva amejibu:

Ndugu mwanachuo, nitaanza na swali lako la pili, kwa sababu ndilo linalofungua la kwanza.

Usidhani kwamba Microsoft walikuwa wamelala. Mwaka 1997 waliweka dola bilioni 1 kwenye kampuni ya kebo ya Comcast na kuinunua WebTV, kampuni ya kuleta intaneti kwenye televisheni, kwa dola milioni 425, na mwaka 1999 waliweka dola bilioni 5 kwenye AT&T, yote kwa matumaini kwamba intaneti ya kasi ingepitia kwenye kebo za televisheni na kwamba wao wangekuwa ndani ya kila kisanduku sebuleni. Machi 2001 walitangaza mpango wa HailStorm, ambao ungehifadhi anwani, kalenda na nyaraka za mtu kwenye seva zao ili programu na tovuti mbalimbali zizitumie kwa idhini yake. Mpango huo haukufika mbali, kwa kuwa kampuni zilizotarajiwa kushirikiana nao ziliona hatari ya kumweka Microsoft katikati yao na wateja wao, na mwaka uliofuata ukawekwa kando. Mwishoni mwa 2002 wakazindua Xbox Live, huduma ya michezo iliyofanya kazi kwa intaneti ya kasi tu, kwa sababu mashine yenyewe haikuwa na modemu ya simu. Watu walilipa ada ya mwaka na programu ikajisasisha yenyewe kupitia mtandao. Hiyo ndiyo biashara ya leo ikiwa bado kitotoni, ila wakati ule ilihesabiwa kuwa mambo ya michezo ya watoto.

Kuna mfano mwingine unaouma zaidi. Mbinu inayowezesha ukurasa wa tovuti kuvuta data mpya bila kujipakia upya wote ilitengenezwa na wahandisi wa Microsoft kwa ajili ya kusoma barua za Outlook kwenye kivinjari, na iliingizwa ndani ya Internet Explorer 5 mwaka 1999. Dunia iliishangaa mbinu hiyo ilipoiona kwenye Gmail mwaka 2004 na kwenye ramani za Google mwaka 2005. Ozzie mwenyewe alikiri katika waraka wake kwamba kampuni ilikuwa ya mapema katika mambo kadhaa ambayo wengine ndio waliyavuna.

Kwa hiyo walichokosa si maarifa. Katika mwaka wa fedha wa 2005 Microsoft waliingiza karibu dola bilioni 39.8, na sehemu kubwa ya faida ilitoka kwenye leseni za Windows na Office, zilizouzwa pamoja na kompyuta mpya au kwa mikataba ya miaka kadhaa na makampuni. Google mwaka huo waliingiza kama dola bilioni 6 tu, lakini karibu zote zilitokana na matangazo, kwa hiyo kugawa programu bure hakukuwagharimu chochote walichokuwa wakikitegemea. Anayeishi kwa leseni hawezi kuishangilia programu ya bure, hata kama ni yeye aliyeibuni.

Ongeza hapo mwendo wa kazi yenyewe. Windows XP ilitoka Oktoba 2001, na toleo lililofuata, Vista, likawafikia wateja wa kawaida Januari 2007, baada ya mradi kuanzishwa upya Agosti 2004 kwa sababu ya kulemewa na utata wake. Huduma ya intaneti haiendeshwi hivyo. Kasoro iliyoonekana asubuhi hutengenezwa kabla ya jioni na mteja asijue, ilhali kasoro iliyochapwa kwenye diski huzunguka nayo dunia nzima. Timu iliyolelewa kwenye mwendo wa diski haibadiliki kwa kusomewa waraka, hata uwe mzuri kiasi gani.

Sasa swali lako la kwanza. Usizihukumu nguzo tatu kwa mkupuo. Ya kwanza, ya matangazo, iliwaangusha waziwazi: mwaka 2007 waliinunua aQuantive, kampuni ya matangazo ya mtandaoni, kwa takriban dola bilioni 6, Februari 2008 walitaka kuinunua Yahoo kwa dola bilioni 44.6 wakakataliwa, nao wakajiondoa Mei. Na Julai 2012 walifuta dola bilioni 6.2 katika hesabu za kitengo cha huduma za mtandaoni, sehemu kubwa ikiwa ni ile thamani ya aQuantive, wakapata hasara ya robo mwaka kwa mara ya kwanza tangu hisa zao zianze kuuzwa hadharani mwaka 1986. Nguzo ya pili na ya tatu zilizaa matunda, lakini mlipaji hakuwa yule mtumiaji wa nyumbani ambaye waraka ulimwangalia sana. Mlipaji alikuwa idara ya teknolojia ya kampuni, iliyokwisha kuzoea kulipa kwa mikataba, na ambayo ilibadilishiwa tu kutoka leseni kwenda ada ya kila mwezi kwa kila mfanyakazi. Ningekuwa wewe, ningeandika kwamba waraka uliupatia mwelekeo na ukakosea kumtambua mlipaji.

BintiWaKilindini amejibu:

Shikamoo Mzee wangu. Nimekusoma kwa makini na historia uliyoieleza siipingi, ila naona umempa Ozzie sifa ambayo sehemu yake kubwa ni ya washindani.

Waraka ule ulimzungumzia mtumiaji na vifaa vyake kwa kirefu kuliko ulivyozungumzia biashara ya kukodisha kompyuta kwa saa. Waliofanya kukodisha kuwe biashara ya kila mtu mwenye kadi ya benki ni Amazon, walipofungua huduma yao ya kuhifadhi data Machi 2006 na ile ya kukodisha mashine Agosti mwaka huohuo. Windows Azure ilitangazwa mjini Los Angeles tarehe 27 Oktoba 2008. Na hata ilipokuja, ilikuja na sharti ambalo kwa maoni yangu liliirudisha nyuma miaka kadhaa: ilimtaka mwandishi wa programu aiandike upya kazi yake kwa namna ya Azure. Amazon walikuwa wakikupa mashine tupu, ufanye unavyotaka. Uwezo wa kukodisha mashine za kawaida kwenye Azure, zikiwemo za mfumo endeshi wa Linux, ulikamilika rasmi Aprili 2013, na hapo ndipo biashara ilipopanuka.

Kwa upande wa Office hadithi ni ileile. Google walianza mwaka 2007 kuyauzia makampuni barua pepe, kalenda na nyaraka za mtandaoni kwa dola 50 kwa mtumiaji kwa mwaka. Office 365 ilizinduliwa Juni 2011. Sasa Mzee, hapo aliyewasukuma ni waraka au ni bei ya jirani?

Nina neno pia kuhusu majina, kwa sababu MwanachuoMlimani ametaja Windows Live na Office Live kana kwamba majina yalieleza kilichomo. Office Live ya kwanza haikuwa na Word wala Excel ndani yake. Ilikuwa huduma ya kuzipatia biashara ndogo tovuti, jina la kikoa na barua pepe. Word na Excel za kwenye kivinjari zilikuja mwaka 2010. Hotmail nayo ilipangiwa kuitwa Windows Live Mail, watumiaji wakalalamika, ikaitwa Windows Live Hotmail, kisha ikaja kuwa Outlook.com. Kampuni inayobandika jina la mfumo endeshi wake juu ya barua pepe ya bure haijaamua bado kama inauza huduma au inailinda Windows. Ile kaulimbiu yao ya "programu pamoja na huduma" naiona kuwa kielelezo cha kutoamua huko. Waliogopa kusema kwamba programu ndiyo huduma.

MwanachuoMlimani amejibu:

Nawashukuru nyote wawili. Hoja ya kumtambua mlipaji sikuiona popote, na hiyo ya Office Live imeniokoa na aibu, kwa sababu nilikuwa nimekwisha kuandika kwenye slaidi kwamba ilikuwa Word ya mtandaoni. Naomba niulize jambo moja zaidi. Mhadhiri anasisitiza intaneti ya kasi yenyewe, lakini katika maelezo yenu naona zaidi fedha na ushindani. Je, kasi ya intaneti iliubadilisha mkakati wenyewe, au ilikuwa mazingira tu?

FundiWaMitambo_Dar amejibu:

Hili nalijibu mimi, kwa kuwa niliviendesha vyumba vya seva hapa Dar es Salaam kabla na baada ya mikongo ya baharini.

Dada BintiWaKilindini, nadhani umeihukumu kwa ukali kaulimbiu ya "programu pamoja na huduma", labda kwa kuwa unaitazama ukiwa na intaneti ya leo. Maana yake ya kiufundi ilikuwa kwamba mfumo uleule, kwa mfano Exchange wa barua pepe, uweze kukaa kwenye chumba chako mwenyewe, au kwa mshirika anayekuhudumia, au kwenye vituo vya data vya Microsoft, na mtumiaji aone Outlook ileile mezani pake. Mwaka 2005 hata Marekani kwenyewe nyumba nyingi zilikuwa bado zikitumia modemu ya simu. Kwetu sisi ilikuwa mbali zaidi ya hapo.

Ofisi niliyokuwa nikiihudumia ilikuwa na dishi la setilaiti na njia ya kilobiti 256 kwa sekunde, wakigawana watu zaidi ya 40. Setilaiti ya aina ile inakaa kilomita zipatazo 36,000 juu ya ikweta, kwa hiyo ombi kwenda na jibu kurudi huchukua zaidi ya nusu sekunde hata kama hakuna mwingine anayetumia njia. Mwaka 2008 meneja alirudi kutoka safarini akiwa ameshawishika kwamba barua pepe zote zihamie kwa mtoa huduma wa nje. Tulihamia. Kuanzia siku hiyo mhasibu alipomtumia keshia wa meza ya pili faili la megabaiti tano, faili lilipanda angani, likaenda hadi bara jingine, likashuka tena kwa njia ileile nyembamba, na wakati wote huo ofisi nzima ilikuwa imesimama. Baada ya wiki sita tuliirudisha seva chumbani, na meneja hakulizungumzia tena.

Julai 2009 mkongo wa SEACOM ukafika Dar es Salaam na Mombasa, mikongo ya TEAMS na EASSy ikafuata, na hesabu zote zikageuka ndani ya miaka michache. Ofisi hiyohiyo ilipohama mara ya pili hakuna aliyelalamika. Kwa mteja wa namna yetu, kampuni iliyokuwa imemwachia achague seva ikae wapi ilikuwa na faida kubwa, kwa sababu ilikuwa imekwisha kumshika tangu enzi za dishi, na mkongo ulipokuja alihamisha seva tu bila kuwabadilishia wafanyakazi programu. Google hawakuwa na toleo la kuweka chumbani. Kwa hiyo kasi haikuwa mazingira tu: ndiyo iliyoamua ni lini kila nchi ingeweza kuuziwa mkakati ule.

Umbali nao ulibaki kuwa gharama. Kwa miaka mingi Azure iliyokuwa karibu nasi ilikuwa ya Dublin au Uholanzi, mpaka vituo vya Johannesburg na Cape Town vilipofunguliwa Machi 2019. Mei 2024 Microsoft na kampuni ya teknolojia ya G42 ya Abu Dhabi walitangaza uwekezaji wa dola bilioni 1 nchini Kenya, ukiwa na kituo cha data cha Olkaria cha kutumia umeme wa jotoardhi, lakini mimi huhesabu kituo siku ninapokipima, siyo siku kinapotangazwa.

MzeeWaSeva amejibu:

Marahaba, binti yangu. Kuhusu Amazon nakubali, tena nitakuongezea silaha: timu iliyoijenga Azure, iliyoongozwa na Amitabh Srivastava pamoja na Dave Cutler, yule baba wa mfumo endeshi wa Windows NT, ilianza kazi baada ya Amazon kuwa wamekwisha kuanza kuuza. Kwa hiyo hakuna anayeweza kudai kwamba waraka wa 2005 ulikuwa na mchoro wa Azure mfukoni.

Lakini niruhusu nishikilie jambo moja. Ule msukumo wa matangazo na utafutaji, nguzo iliyoanguka, ndio uliowalazimisha kujenga vituo vikubwa vya data. Kile cha Quincy katika jimbo la Washington, kilichowekwa karibu na umeme wa bei nafuu wa mto Columbia, kilifunguliwa mwaka 2007 kwa ajili ya huduma za mtandaoni wakati Azure haijatangazwa. (Azure ilipokuwa bado ya majaribio iliwekwa hapohapo, kisha mwaka 2009 wakaihamishia Texas kwa sababu ya kodi ya jimbo, mwanachuo, hilo usiliweke kwenye slaidi, ila ukiulizwa kwa nini mkakati wa wingu unategemea wanasheria wa kodi utakuwa na jibu.)

Na si majengo tu. Satya Nadella alikuwa akiongoza uhandisi kwenye kitengo cha huduma za mtandaoni, upande wa utafutaji, uliokuwa ukipoteza mabilioni ya dola kila mwaka ukimkimbiza Google. Huko ndiko watu wa Microsoft walikojifunza kuendesha mashine kwa maelfu, kutoa masasisho kila siku, na kupima kila badiliko kwa watumiaji halisi. Mwanzoni mwa 2011 Steve Ballmer, mkurugenzi mkuu wa wakati huo, alipomwondoa Bob Muglia kwenye kitengo cha seva, kilichokuwa na faida nono ya leseni, alimweka huyo Nadella aliyetoka kwenye kitengo cha hasara, naye akaisukuma Azure kuelekea kwenye zile mashine za kawaida unazozisema. Februari 2014 akawa mkurugenzi mkuu. Ozzie alikuwa amekwisha kutangaza kuondoka tangu Oktoba 2010. Mimi hasara ile naiita ada ya shule, ingawa ni ada ambayo kampuni isiyokuwa na Windows na Office za kuilipia isingeimudu.

BintiWaKilindini amejibu:

Hilo la Nadella nalipokea, Mzee wangu, na kwa hilo naibadili kauli yangu ya kwanza: washindani waliwaonyesha cha kuuza, na hasara ikawapa watu wa kukiendesha. MwanachuoMlimani, kwenye wasilisho lako tenganisha tarehe mbili ambazo watu huzichanganya. Oktoba 2008 Azure ilitangazwa na kufunguliwa kwa majaribio. Wateja walianza kulipia Februari 2010. Ukiandika 2008 kama mwaka wa kuanza kuuza, utawaonyesha wakiwa nyuma ya Amazon kwa miaka miwili, ilhali walikuwa nyuma kwa karibu minne.

MwanachuoMlimani amejibu:

Nimesahihisha. Nilikuwa nimeandika 2008.